Kwa nini maonyesho ya muziki yanadumu kuliko tamthilia

Kaka, umeuliza kwa nini kule Broadway, eneo la kumbi za maigizo jijini New York, maonyesho ya muziki yanakaa miaka na miaka, tamthilia za maneno matupu zinafungwa mapema. Kwa kiasi kikubwa ni watalii. Asiyejua Kiingereza vizuri atafuata nyimbo, mavazi na madoido ya jukwaani. Maongezi ya saa mbili yatamwacha njiani. Onyesho la muziki The Phantom of the Opera lilichezwa huko kuanzia 1988 hadi 2023! Tamthilia mara nyingi inamleta nyota wa sinema kwa wiki kadhaa, akiondoka na pazia linashuka. (London wana ubishi wao: The Mousetrap si ya muziki, ilianza 1952 na bado ipo.) Ila usidhani muziki ni pesa ya bure, gharama zake ni kubwa mno na mengi hayarudishi mtaji.

Hapa Dar mbona tuliliona hilo zamani. Enzi za vikundi vya sanaa vya Muungano na TOT (Tanzania One Theatre), kiingilio kimoja baa kilikupa ngoma, sarakasi, igizo na taarab. Igizo watu walilicheka vizuri tu, lakini taarab ikipigwa ndipo foleni ya kutuza ilipoanza.