Kwa mdogo wangu aliyechoka kumimina chai

Wiki iliyopita, tukiwa tumekaa kwenye ngazi tunasubiri jenereta iwashwe, binti mmoja ninayeigiza naye aliniuliza: "Dada, hivi nitaendelea kukaribisha wageni na kumimina chai mpaka lini?" Tuliitwa kabla sijamjibu. Jibu lenyewe ni refu, ndiyo maana naliandika hapa.

Nina miaka 11 kwenye tamthilia, na karibu miaka yote hiyo nimekuwa shangazi au mama wa mtu. Mwaka wa pili niliondolewa. Hakuna aliyeniita kuniambia. Nilifungua skripti mpya nikakuta shangazi "amesafiri kwenda Tanga", basi. Niliumia mno. Katika siku hizo za kukaa nyumbani ndipo nilipomfahamu mama mmoja mwigizaji wa Marekani, Helen Wagner.

Tarehe 2 Aprili 1956, kituo cha CBS kilianza kurusha tamthilia ya mchana iitwayo As the World Turns. Maneno ya kwanza kabisa kusikika yalikuwa yake, akiwa Nancy Hughes, mama wa nyumbani anayemwamkia mumewe asubuhi. Uhusika huo aliubeba mpaka alipofariki Mei 2010, akiwa na miaka 91. Kulikuwa na vipindi alivyokaa nje ya hadithi, lakini alirudi, na Guinness wakamwandika kwenye kitabu chao cha rekodi kwa kukaa na mhusika mmoja muda mrefu hivyo.

Inasimuliwa kwamba mwanzoni kabisa naye aliondolewa, eti mwandishi Irna Phillips hakupenda anavyomimina kahawa. Kahawa! Niliposoma hivyo nilinyamaza kidogo, nikakumbuka sini zangu, yaani vipande nilivyoigiza. Nilikuwa namimina chai huku macho yapo kwenye kamera, chupa tupu, kikombe nakisogeza kama kipande cha karatasi. Mtazamaji aliyepika chai tangu utoto anaiona chupa tupu mara moja, kwa jinsi mkono unavyoinuka kirahisi. Tangu hapo naomba chupa iwe na chai ya moto. Mkono unalemewa, unashika kifuniko kwa kidole, unapunguza kasi kikombe kinapokaribia kujaa, na maneno yenyewe yanafuata mwendo wa mkono. Jaribu, utaona.

Jambo jingine ni kuyashika maneno. Tamthilia ile ilirushwa moja kwa moja mpaka 1975. Ukikosea, nchi nzima imekuona. Tarehe 22 Novemba 1963, Nancy alikuwa akizungumza na baba mkwe wake habari za sikukuu ya Shukrani, ghafla matangazo yakakatizwa na sauti ya mtangazaji wa habari, Walter Cronkite: Rais Kennedy amepigwa risasi. Kule studio hawakuwa na habari. Waliendelea kuigiza. Nikiwaza studio ile, watu wamesimama kwenye alama zao, kila mmoja anampokea mwenzake neno, naona kazi yetu ilivyo. Kwa hiyo usikariri yako tu. Kariri na ya unayeongea naye, maana siku akisahau wewe ndiye utakayemvusha.

Na ukiondolewa, ondoka vizuri. Hili nalisema kwa uchungu kwa sababu nilikaribia kuliharibu. Nilikuwa nimeshaandika ujumbe mkali wa kumtumia mtayarishaji, mama yangu akanishika mkono. Badala yake nilifua khanga za shangazi, nikazipiga pasi, nikazirudisha kwa dada wa mavazi, nikamshukuru. Miezi minane baadaye waandishi walihitaji mtu wa kusuluhisha ugomvi wa urithi. Dada wa mavazi ndiye aliyesema, "Shangazi yupo, na nguo zake ninazo."

Fedha za kipindi ulichopata kazi ziwekee akiba ya kipindi utakachokaa nje. Mimi nilikuwa na cherehani. Wewe tafuta chako mapema.

Sasa, mdogo wangu, Jumatatu tuna sini ya kifungua kinywa, kurasa mbili. Wewe ndiye unayemimina. Nimeshamwambia kijana wa vifaa aje na chai ya tangawizi, iwe inatoa moshi, na vikombe vile vizito vya udongo. Fika saa 12 asubuhi tuifanyie mazoezi wawili kabla taa hazijawashwa.