Simamisha Kamera, Mji Upite Wenyewe

Filamu yangu fupi ya kwanza kuhusu maisha ya kila siku mjini niliipiga nikitembea, kamera mkononi, nikikimbilia kila kilichong'aa: magari, maghorofa, mabango ya taa. Nilirudi na picha zenye urefu wa saa sita, lakini nilipoketi kuzihariri sikupata hata dakika moja niliyotamani kuitazama mara ya pili. Kwa hiyo anayetaka kujaribu filamu ya aina hii, isiyo na waigizaji wala hadithi iliyoandikwa, namshauri achague mahali pamoja, aiweke kamera kwenye stendi, kisha asiiguse kwa muda mrefu kuliko moyo wake unavyoridhia.

Mara ya pili nilisimama kwenye kivuko cha waenda kwa miguu. Robo saa ya kwanza haikunipa kitu. Ndipo akaja mzee mwenye mkongojo. Taa ya kijani ikawaka asivuke, ikazimika, ikawaka tena naye bado amesimama, hadi mwanamke aliyebeba mtoto alipompa mkono wakavuka pamoja. Ningekuwa natembea, ningempita.

Usiku, taa za madukani huweza kutia michirizi kwenye picha. Penye umeme wa hezi 50, shata (muda ambao kamera hupokea mwanga kwa kila picha) ya 1/50 ya sekunde hupunguza sana tatizo hilo.

Sauti inahitaji uangalifu zaidi, nami niliipuuza kwa muda mrefu. Kila mahali unapopiga picha, rekodi pia dakika mbili za sauti ya mahali hapo bila kuzungumza, kwani mlio wa kivuko ukiendelea kusikika juu ya picha ya ngazi za ofisi, mtazamaji huziunganisha sehemu hizo mbili bila kuelezwa.

Katika kuhariri, usifungwe na saa wala ramani. Dziga Vertov, mwongozaji filamu wa Kisovieti, katika filamu yake ya mwaka 1929, Man with a Movie Camera, aliunganisha picha za Moscow, Kyiv na Odesa zikawa kama mji mmoja, na humo tunamwona mhariri wake, Elizaveta Svilova, akiwa kazini na vipande vyake. Mimi hupanga kwa miondoko: mkono unaofunga mlango, kisha mkono unaofungua mwavuli.

Aliyegeuza uso mbele ya kamera yangu humfuta, hata picha iwe nzuri namna gani. Yule mzee nilimfuata ng'ambo ya barabara, nikamwonyesha kipande chake kwenye kioo cha kamera. Alikitazama hadi mwisho, akaniomba nikirudishe mwanzo.