Marekani ya miaka ya 70 hadi 90: maswali yenu kuhusu kazi, madeni na jela

Tangu niandike hapa kuhusu mishahara ya wafanyakazi wa Marekani katika robo ya mwisho ya karne iliyopita, maswali hayajakoma kuingia. Leo najibu baadhi yake, na nitaanza na lile lililoulizwa na wengi.

Filamu za zamani zinaonyesha Mmarekani wa kawaida ana nyumba na gari kwa mshahara wa kiwandani tu. Nani alimharibia? (Fundi mitambo, Thika)

Fundi, twende Youngstown, jimbo la Ohio. Jumatatu ya tarehe 19 Septemba 1977, kampuni ya Youngstown Sheet and Tube ilitangaza kwamba inafunga sehemu kubwa ya kiwanda chake cha Campbell. Watu wapatao 5,000 walipoteza kazi, na wenyeji wanaiita siku hiyo Jumatatu Nyeusi mpaka leo. Zilikuwa kazi zinazolindwa na chama cha wafanyakazi. Kijana aliyeishia sekondari aliingia kwenye tanuru la chuma alikofanya kazi baba yake, akapata mshahara wa kulipia nyumba, bima ya afya ya familia nzima, na pensheni mbele yake.

Wengi huishia kumlaumu Mjapani. Ni kweli Wajapani na Wajerumani walijenga viwanda vipya baada ya vita, huku Youngstown ikiendelea kuyeyusha chuma kwa mitambo ya enzi za babu zao. Lakini kwa nini mitambo hiyo haikubadilishwa? Mwaka 1969 kampuni ile ilinunuliwa na Lykes, kampuni ya meli yenye makao New Orleans, iliyojitwisha madeni makubwa kwa ununuzi huo. Fedha ya chuma ikaenda kwingine, na tanuru zikaachwa zizeeke.

Wenyeji hawakukaa kimya. Viongozi wa dini wa eneo lile waliungana wakatafuta fedha ili wafanyakazi na wakazi wakinunue kiwanda wakiendeshe wenyewe, na wananchi wakafungua akaunti za akiba kwa ajili hiyo. Mwaka 1979 serikali ya Jimmy Carter ilikataa kudhamini mkopo. Kabla mwaka haujaisha, U.S. Steel nayo ikatangaza kufunga viwanda vyake vya Youngstown. Wafanyakazi wakaenda mahakamani. Jaji aliona kwamba uhusiano wa miaka mingi kiasi hicho kati ya kampuni na mji ulistahili kuzaa haki fulani, lakini haki yenyewe hakuiona katika sheria, na kesi ikaanguka. Kilichokuja kupatikana, mwaka 1988, ni sheria ya nchi nzima inayowataka waajiri wakubwa watoe taarifa ya siku 60 kabla ya kufunga. Siku 60 kwa mtu aliyetumikia tanuru miaka 25! Youngstown ilikuwa na wakazi 168,330 mwaka 1950. Mwaka 2000 walibaki 82,026.

Ongeza hapo suala la riba. Paul Volcker alipokabidhiwa Benki Kuu mwezi Agosti 1979, aliamua kuukomesha mfumuko wa bei kwa kuifanya fedha iwe ghali kukopa. Mwaka 1981 riba ya mkopo wa nyumba ilipita asilimia 18. Mfumuko ulitulia kweli, simnyimi hilo. Lakini dola ilipanda thamani, bidhaa za viwanda vya Marekani zikawa ghali kwa wanunuzi wa nje, na kufikia mwisho wa 1982 watu 10.8 katika kila 100 wa nguvukazi walikuwa hawana kazi. Katikati ya hayo, Agosti 1981, Rais Ronald Reagan aliwafukuza kazi waongoza ndege zaidi ya 11,000 waliogoma, na waajiri binafsi wakajifunza kwamba mgomo unavunjika.

Kwa hiyo ushindani wa nje ulikuwepo. Nani aubebe mzigo wake ndilo jambo lililoamuliwa na watu, ofisini, kwa saini zao.

Mjomba wangu alifanya kazi ya kima cha chini Texas miaka ya 80. Anasema hakukosa kazi hata mwezi mmoja na bado alikuwa maskini. Inawezekanaje? (Msomaji, Singida)

Mjomba wako anasema kweli. Kima cha chini cha taifa kilikuwa dola 3.35 kwa saa kuanzia Januari 1981, na hakikuguswa mpaka Aprili 1990, ilhali bei zilipanda kila mwaka. Piga hesabu: saa 40 kwa wiki, wiki 52, bila hata siku moja ya kuugua, ni dola 6,968 kwa mwaka. Serikali hiyohiyo mwaka 1989 iliihesabu familia ya watu wanne kuwa maskini ikiwa kipato chake kiko chini ya dola 12,674. Mume na mke wakifanya kazi wote wawili mwaka mzima, wanauvuka mstari huo kwa dola 1,262, kabla ya makato na kabla ya kumlipa mtu wa kukaa na watoto.

Shangazi alikuwa keshia wa duka la vyakula Chicago. Anasema wateja wengine walilipa kwa vijitabu vya kuponi, na ilimbidi awakatalie sabuni. Kwa nini sabuni? (Msomaji, Mombasa)

Kwa sababu mpango wenyewe, wa serikali kuwapa maskini kuponi za kununulia chakula, ulikuwa chini ya Wizara ya Kilimo, na sheria yake ya mwaka 1964 ilihusu chakula tu. Kuku mbichi, sawa. Kuku wa moto aliyechomwa hapohapo dukani, hapana. Sabuni, nepi, dawa ya meno na karatasi za msalani zililipiwa fedha taslimu, ukiwa nazo.

Shangazi yako atakumbuka foleni ilivyokuwa. Mama anatenganisha bidhaa zake mafungu mawili, la kuponi na la fedha taslimu, anachana kuponi kutoka kwenye kijitabu huku walioko nyuma yake wanatazama kila alichonunua na kumhukumu nacho moyoni. Chenji iliyo chini ya dola moja alirudishiwa kwa sarafu. Ikizidi hapo alirudishiwa kuponi. Afadhali yeye kuliko waliomtangulia: mpaka mwisho wa miaka ya 70, kaya nyingi zilitakiwa kwanza zitoe fedha zao kununua kuponi, ndipo zipewe za nyongeza. Aliyekosa fedha kabisa mwanzoni mwa mwezi alikosa na nyongeza. Sharti hilo liliondolewa na sheria ya 1977. Baadaye vijitabu vilibadilishwa kuwa kadi kama ya benki, na mimi naona hayo ni mageuzi makubwa kuliko yanavyosifiwa, maana yaliiondoa ile aibu ya foleni.

Marekani ilianzaje kuishi kwa kadi za mkopo? (Mhasibu, Arusha)

Wewe utaielewa hii haraka. Majimbo mengi yalikuwa na sheria za kuzuia riba ya kinyonyaji, kila moja na kikomo chake. Desemba 1978 Mahakama ya Juu ya Marekani, katika kesi ya Marquette, iliamua kwamba benki ya kitaifa, yaani yenye leseni ya serikali kuu, inaweza kumtoza mteja riba inayoruhusiwa kwenye jimbo ilikosajiliwa benki, hata kama mteja anaishi jimbo lenye kikomo cha chini.

Fikiria maana yake. Likitokea jimbo moja tu likaondoa kikomo, vikomo vya majimbo mengine yote vimekwisha kazi. South Dakota iliondoa chake mwaka 1980, na Citibank ya New York ikahamishia biashara yake ya kadi Sioux Falls, mji ambao Wamarekani wengi wasingeweza kuuonyesha kwenye ramani. Delaware ikafuata mwaka 1981. South Dakota ilipata ajira, hilo ndilo ilitaka. Lakini mama wa New York aliyelinunua jokofu kwa kadi alitozwa riba kwa sheria iliyotungwa na wabunge ambao hakuwapigia kura wala hangeweza kuwang'oa.

Sasa liunganishe na swali la Thika. Mshahara haukui, kodi ya nyumba inapanda, na kila wiki barua zinaingia sandukuni kumwambia mtu kwamba amekubaliwa mkopo. Wengi walikopa ili wabaki pale walipokuwa, si kwa anasa.

Ni kweli wanawake wa huko hawakuwa na likizo ya uzazi? Sisi hapa tunapata siku 84 zenye malipo. (Muuguzi, Dodoma)

Kweli, dada. Mpaka 1993 hakukuwa na sheria ya taifa zima ya likizo hiyo. George Bush mkubwa aliukataa muswada mara mbili. Bill Clinton akausaini Februari 1993. Unatoa wiki 12 bila malipo, na ni kwa mwajiri mwenye wafanyakazi 50 au zaidi. Mhudumu wa mgahawa mdogo hakupata kitu.

Kwa nini Wamarekani weusi wengi vile walifungwa jela miaka hiyo? (Mwanafunzi wa sheria, Kampala)

Anza na sheria ya Oktoba 1986. Miezi michache kabla, Len Bias, kijana mweusi mcheza kikapu aliyekuwa ndiyo kwanza amechaguliwa na Boston Celtics, alikufa kwa kokeni. Ulikuwa mwaka wa uchaguzi, na Bunge likaharakisha. Aliyekutwa akifanya biashara ya gramu 5 za krak, yaani kokeni iliyopikwa ikawa vipande vya kuvuta, alipewa kifungo kisichopungua miaka 5. Kwa kokeni ya unga, kifungo hichohicho kilihitaji gramu 500. Gramu 5 ni kama kijiko cha chai cha sukari. Ni dawa ileile, lakini krak iliuzwa rejareja kwenye mitaa ya weusi maskini, na huko ndiko polisi walikoelekezwa. Jaji alifungwa mikono: hata akimwona mbele yake binti aliyebebeshwa mzigo na mpenzi wake, miaka ni ileile.

Mwaka 1995 tume ya serikali yenyewe inayosimamia viwango vya adhabu ilipendekeza tofauti hiyo ifutwe. Bunge likakataa, na Clinton akatia saini kukataa huko. Ilipunguzwa mwaka 2010 tu, ikawa 18 kwa 1 badala ya 100 kwa 1. Si krak peke yake. Majimbo nayo yaliongeza vifungo vya makosa mengi. Mwaka 1980 magereza na mahabusu yalikuwa na watu karibu nusu milioni. Mwaka 2000 walikaribia milioni 2.

Na Youngstown, ule mji wa chuma? Mwaka 1997 ulifunguliwa gereza la kampuni binafsi, na mwaka uliofuata jimbo likafungua hapo gereza lake lenye ulinzi mkali kuliko yote. Mji ulihitaji ajira, na hizo ndizo zilizoletwa. Linaniuma kila nikilifikiria.

Ndugu zetu wengi walikwenda kwa bahati nasibu ya viza miaka ya 90. Walikuta hali gani? (Mwalimu, Kisumu)

Bahati nasibu hiyo ilitokana na sheria ya uhamiaji ya 1990, ikaanza kutoa viza kamili mwaka wa fedha wa 1995, zipatazo 55,000 kwa mwaka. Mwombaji alihitaji elimu ya sekondari au uzoefu wa kazi, ndiyo maana walioshinda walikuwa walimu, makarani na mafundi wetu. Wengi wakaanzia kwenye nyumba za wazee, kuogesha, kulisha na kugeuza wagonjwa usiku kucha.

Walifika wakati mzuri, hilo lazima lisemwe. Kuanzia kama 1996 mishahara ya chini kabisa ilianza kupanda, jambo lililokuwa halijaonekana kwa muda mrefu. Kima cha chini kilifika dola 5.15 mwaka 1997, ukosefu wa ajira ukashuka hadi asilimia 4 mwaka 2000, na umaskini ukashuka hadi asilimia 11.3. Waajiri walihitaji watu, hivyo hata waliozoea kukataliwa walichukuliwa.

Lakini tarehe 22 Agosti 1996 Clinton alisaini sheria mpya ya misaada. Familia maskini ziliwekewa kikomo cha miaka mitano ya msaada wa fedha wa serikali kuu katika maisha yao yote. Mhamiaji halali aliyeingia baada ya siku hiyo alizuiwa misaada mingi ya serikali kuu kwa miaka mitano ya kwanza, ingawa alikatwa kodi kuanzia mshahara wake wa kwanza. Bima ya afya ilitegemea mwajiri, na watu wapatao milioni 40 hawakuwa nayo. Mradi kazi ipo, mtu alijikaza. Machi 2001 uchumi ulianza kudorora, kazi zikapungua, na ndugu yetu aliyetua mwaka 1997 bado alikuwa ndani ya miaka yake mitano.