Ukitaka kuonja vichekesho vya zamani vya Hispania, subiri nyumba ijae

Mara ya kwanza niliitazama La gran familia vibaya. Nilikuwa nimepanga chumba Madrid, Kihispania changu bado cha sokoni, nikaifungua kwenye simu usiku. Filamu ya 1962, nyeusi na nyeupe, watoto 15 wanapishana mlangoni. Dakika ishirini tu, nikazima nikalala.

Desemba ileile nikaikuta tena sebuleni kwa bibi kizee niliyekuwa namhudumia. Runinga za kule hupenda kuirudia msimu wa Krismasi. Wanawe na wajukuu walikuwa wamebanana kwenye kochi, wengine sakafuni, na maneno wanayajua kabla hayajasemwa. Babu, anayeigizwa na yule Pepe Isbert mwenye sauti ya kukwaruza, anawapeleka wajukuu soko la Krismasi pale Plaza Mayor, uwanja mkubwa wa katikati ya Madrid. Kugeuka, mdogo hayupo. "Chencho! Chencho!" Sebule nzima ikaita naye kwa utani. Bibi hakuita. Alikuwa anapangusa miwani.

Ndiyo maana nakwambia usiitazame peke yako. Kicheko chake kinatoka kwenye kubanana: baba hajui kupumzika na bado hela haitoshi, baba wa ubatizo ana duka la keki na watoto wanalijua hilo vizuri mno. Aliyelelewa nyumba ya watoto wanane, na shangazi juu, hahitaji kufafanuliwa.

Watoto wako usiwalazimishe kusoma tafsiri chini ya picha, watachoka upesi. Mtu mmoja asimulie. Kwangu nasimulia mimi, kwa Kiswahili, na chumvi natia (mke wangu anasema natia kilo nzima).

Ila usiwafiche kwamba ni filamu ya enzi za Franco, dikteta wa Hispania, serikali ikizisifu na kuzituza familia kubwa. Mama wa mle ndani, anayeigizwa na Amparo Soler Leal, ana tabasamu muda wote, na hapo mimi huwa siamini. Binti yangu wa miaka tisa naye hakuamini. Katikati ya kicheko aliuliza, "Baba, nguo zote hizi anafua nani?" Nikamwambia tutazame kwanza.

Wiki iliyofuata tukaweka mwendelezo wake wa 1965. Watoto wamefika 16, na baba ni mjane.