Unaanza kuingiza sauti? Anza na Constantino Romero

Wengi wanaoanza kazi ya kuingiza sauti, yaani kusema kwa lugha nyingine maneno ya mhusika wa filamu, hudhani sauti nzito ndiyo mtaji. Msikilize Constantino Romero, Mhispania aliyezaliwa Alicante mwaka 1947 na kufariki Barcelona mwaka 2013. Sauti yake ilikuwa nzito kweli, lakini ustadi wake hasa ulikuwa kuusoma mdomo wa mtu mwingine. Alianzia redioni, akawa mtangazaji wa televisheni, akapanda jukwaani kuigiza, na kwa watazamaji wa Hispania yeye ndiye aliyekuwa sauti ya Clint Eastwood, mwigizaji wa Marekani, na ya Darth Vader, adui katika filamu za Star Wars.

Walinganishe hao wawili. Darth Vader amevaa kinyago, midomo haionekani, kwa hiyo unafuata pumzi, kichwa kinavyogeuka, kidole kinavyonyooka. Ukichelewa kidogo hakuna atakayejua. Eastwood huongea meno yakiwa karibu kufungwa. Ukimpa sauti ya kifua kizima, mtazamaji ataona mdomo mdogo ukitoa sauti kubwa, na hapo hatakuamini tena. Kabla ya kusoma neno lolote, tazama taya limefunguka kiasi gani. Sauti yako isivuke hapo.

Studio za Hispania hukata filamu vipande vifupi. Kipande hakizidi mistari 10, mhusika mmoja hapewi zaidi ya mistari 5 mfululizo, na kimya kikizidi sekunde 15 kipande kingine huanza. Mwigizaji hulipwa kwa kuitwa studio, kisha kwa kila kipande. Kwenye karatasi ya maneno, ON ina maana mdomo unaonekana, OFF hauonekani, G ni mguno au pumzi, mkwaju mmoja (/) ni pumziko. Wanaoanza huruka zile G, wakaharibu. Mtu hapandi ngazi kimyakimya.

Tazama kipande mara mbili bila kusema kitu. Mara ya kwanza sikiliza, mara ya pili hesabu pumzi. Kosa la kawaida ni kusubiri midomo isogee ndipo uanze, na hapo umeshachelewa. Vuta pumzi pamoja na mhusika, utaanza naye. Macho yakae kwenye skrini, karatasi uigusie tu.

Kwa Kiswahili kuna mtego wake. Herufi B, M na P hufunga midomo, na lugha yetu imejaa M mwanzoni mwa maneno. Mhusika wa Kihispania anasema «Nada, ya está» (basi, tumemaliza), midomo wazi mwanzo hadi mwisho. Ukiandika «Basi, imekwisha», umefunga midomo mara mbili ambapo yeye hakufunga. «Haya, tayari» ina silabi tano kama ya kwake, karibu zote za A, na midomo haikutani. Tafsiri nzuri ya kitabuni inaweza kuwa mbaya kabisa hapa.

Maana nayo ina kipimo chake. Katika filamu ya Terminator 2, mwigizaji Schwarzenegger, akiongea Kiingereza, anaaga kwa Kihispania: «Hasta la vista, baby». Kwa Mhispania hayo ni maneno ya kila siku, ladha ya ugeni imepotea. Romero, aliyemwingizia sauti, akasema «Sayonara, baby», kwaheri ya Kijapani: ugeni ukarudi, vokali zikabaki wazi, na «baby» ikaachwa ilipo kwa sababu B zake mbili zinaonekana.

Simama shibiri moja na nusu kutoka kwenye maikrofoni, usiielekee moja kwa moja, ili P isipige kishindo. Vua bangili na saa. Mdomo ukianza kutoa sauti za mate, tafuna kipande cha tufaha la kijani, kisha maji yasiyo baridi. Vipande vya kupiga kelele mwombe mwongozaji viwe vya mwisho. Mwambie fundi sauti kabla, rudi hatua moja nyuma, na usirudie zaidi ya mara tatu. Ukivipiga asubuhi, vile vya kunong'ona vya mchana utavifanya kwa koo lililokwaruzika.