Jibu: Yeremia 29:11 inamhusu nani?
Mkuu, umeuliza kama Yeremia 29:11 (ule mstari wa Mungu kuwawazia watu wake amani na kuwapa tumaini) ni ahadi ya wewe kupata kazi mwaka huu. Anzia mstari wa 1 bana, hiyo ni barua, Yeremia yuko Yerusalemu anawaandikia Wayahudi waliobebwa mateka na Nebukadneza, mfalme wa Babeli, kwenda Babeli mwaka 597 KK, na kabla hujafika huo wa 11 anawaambia jengeni nyumba, pandeni bustani, ozesheni watoto, maana ni miaka 70, yaani wengi wao walikuwa wazikwe hukohuko. Aliyeahidi mambo ya chapchap ni Hanania, nabii wa uongo wa sura ya 28, kasema miaka miwili tu kila kitu kinarudi, akafa mwaka uleule (huyu wahubiri wetu hawamtajagi). Mi naona faraja ipo, ila ya taifa zima. Sura ya 28 na 29 zisome pamoja, zinajibizana.