Jibu: Tukiyeyusha barafu ya Mirihi, si tutapata hewa?
Mkuu, umeuliza kwa nini tusiyeyushe tu barafu ya ncha za Mirihi hewa ijae, au tuhamie Europa, mwezi wa sayari ya Mshtarii, kwenye maji mengi. Wazo la Mirihi si la kipuuzi, ila hesabu zinagoma. Mgandamizo wa hewa kule haufiki asilimia 1 ya huu wetu. Ukivua kofia ya vazi la anga, mate mdomoni yanachemka kwa joto la mwili wako tu! Mwaka 2018 wanasayansi Bruce Jakosky na Christopher Edwards walipiga hesabu: ukiyeyusha barafu yote ya ncha, mgandamizo unaongezeka maradufu tu, yaani asilimia 1.2 ya wa Dunia. Na hewa hiyo ni kaboni dioksidi, wala huwezi kuivuta ukaishi.

Europa, juu ya uso wake wa barafu, sahau kabisa. Baridi ni nyuzi -160 hivi, halafu kuna mionzi ya Mshtarii: siku moja bila kinga inatosha kukuua. Mimi ningechimba chini, maana mita chache za barafu yenyewe ni ngao tosha, na hulazimiki kuibeba kutoka huku.